Pango la "60% AMI" halipigwi kwa mshahara wako

SWALI: Tunaishi Kent, jimbo la Washington, mimi, mke wangu na watoto wawili. Tulikuja kwa green card ya bahati nasibu. Nafanya kazi Seattle kwa kima cha chini cha mshahara, mke bado hajapata kazi. Tumeona jengo la watu wa kipato cha chini, tangazo linasema 60% AMI (asilimia 60 ya mapato ya kati ya eneo), vyumba viwili. Nimeambiwa tutalipa asilimia 30 ya mshahara wangu. Pia kuna ndugu kwenye grupu letu la WhatsApp anasema kwa dola 800 atatusogeza mbele kwenye foleni ya Section 8, ile vocha ya serikali ya kusaidia pango. Tushike lipi?

JIBU: Hizo dola 800 zibaki mfukoni kwanza, huyo ndugu nitamrudia. Nianze na asilimia 30, maana naisikia kila mara, na wengi wanakuja kujua ukweli siku ya kusaini mkataba, wakati kule walikokuwa wameshatoa notisi.

Asilimia 30 ipo kweli. Ila ya mapato ya nani? Kwenye vocha ya Section 8 na kwenye nyumba za mamlaka ya makazi, ni takriban asilimia 30 ya mapato yako wewe. Ukikatwa saa kazini, unapeleka karatasi na pango linaangaliwa upya. Majengo ya 60% AMI ni habari nyingine. Mengi yamejengwa kwa mpango wa serikali kuu wa nafuu ya kodi ulioanza mwaka 1986: mwekezaji anapunguziwa kodi yake, naye anakubali kutotoza pango kupita kikomo fulani. Kikomo hicho kinapigwa kwa mapato ya kati ya eneo zima, kwenu ni kaunti za King na Snohomish, pamoja na mainjinia wote wa Amazon na Microsoft. Mshahara wako unaulizwa ili wajue hujavuka kiwango cha kuingia na kama pango utaliweza, si kwa ajili ya kupigia pango.

Hebu tupige hesabu. Tuseme mapato ya kati ni dola 150,000 kwa familia ya watu wanne. Eneo lenu linazunguka hapo hapo. Asilimia 60 yake ni 90,000. Kwa nyumba ya vyumba viwili kanuni huhesabu wakazi watatu, hata kama nyie ni wanne, kwa hiyo inashuka hadi 81,000. Chukua asilimia 30 ya hizo, gawa kwa miezi 12: dola 2,025, makadirio ya umeme na maji yakiwa humo. Haya, wewe sasa. Kima cha chini cha Seattle mwaka 2025 kilikuwa dola 20.76 kwa saa. Kwa saa 40 kwa wiki ni kama dola 3,600 kwa mwezi kabla ya makato. Pango hilo linakula zaidi ya nusu, na meneja hajavunja sheria yoyote. Tena huenda akakukataa kabisa, kwa sababu majengo mengi yanataka kipato kiwe angalau mara mbili au mbili na nusu ya pango.

Na mapato ya kati yakipanda, kikomo hupanda nayo. Watu wa teknolojia wakiongezwa mishahara, pango lako linaweza kufuata, wewe ukiwa na ile ile saa yako ya kima cha chini.

Kwa mshahara mmoja na watoto wawili, nyie mko karibu na mstari wa asilimia 30 ya AMI. Kwa hiyo ukipiga simu kwenye jengo usiulize "mna nafasi?" Uliza kama wana nyumba za 30% AMI, au zenye ruzuku iliyofungwa kwenye nyumba yenyewe, na jina lako liingie kwenye orodha yao. Kent iko chini ya mamlaka ya makazi ya King County, na Seattle wana ya kwao. Orodha zikifunguliwa, omba kote. Ukihama, badilisha anwani kote. Barua ikirudi bila kujibiwa, jina linafutwa, na hili limewaponza watu wengi kuliko kukosa sifa.

Sasa huyo ndugu. Nchi nzima, takriban kaya moja kati ya nne zenye sifa ndiyo inayopata msaada wa serikali kuu wa pango. Mara nyingi majina huchaguliwa kwa kura ya kompyuta. Kuomba ni bure, na hakuna mtu wa kukusogeza. Vishoka tuliwaacha nyumbani, wametufuata hadi huku! Kuna barua nimeletewa ya "kukubaliwa Section 8", ina muhuri wa duara wa buluu kama wa ofisi ya mtendaji wa kata, na malipo yanaombwa kwa Zelle, njia ya kutuma pesa kwa simu. Aliyetengeneza anatujua vizuri: Mtanzania akiona muhuri, anaamini.

Hao wa barua za uongo wanakula pesa tu. Ninaowaogopa zaidi ni wanaokujazia fomu. Wanapunguza mshahara, wanamfuta mke, wanaongeza mtoto wa kaka. Mamlaka za makazi zina mfumo wa kulinganisha fomu yako na taarifa za waajiri na za Social Security, ofisi ya hifadhi ya jamii. Ikigundulika, unadaiwa ruzuku yote uliyokula, unaweza kushtakiwa, na siku ya kuomba uraia karatasi hiyo inakusubiri mezani. Sahihi iliyopo ni yako. Yeye jina lake halimo popote. Kama tatizo ni Kiingereza, omba mkalimani wa Kiswahili pale mamlaka ya makazi, hulipi kitu; au piga 211 wakuelekeze.

Na kama ulishampa namba yako ya Social Security, usisubiri aanze kuitumia. Leo hii fungia krediti yako, asikope kwa jina lako, kwenye kampuni zinazotunza rekodi za mikopo: Equifax, Experian na TransUnion, zote tatu, bila malipo, kisha ya mkeo.