Umerudi Lubumbashi, nani atalipa hospitali?

Dada mmoja aliyeko Montréal ameniandikia: "Yaya (yaani dada mkubwa), ninarudi Lubumbashi, Kongo, mwezi wa nane na watoto wawili. Asiransi, bima ya hospitali, nitaipata wapi?" Ninamjibu hapa hadharani, maana ninyi mnaopanga kurudi mnawaza kiwanja, kontena na gari. Mwili mnausahau.

Mimi nimeishi Liège, Ubelgiji, miaka mingi. Kule unaona daktari, unapeleka karatasi, mutueli, yaani shirika lako la bima ya afya, inakurudishia pesa. Ukijifuta kwenye daftari la wakazi la komine, serikali ya mtaa, na kuhama, hayo yamekwisha. Mwenye pasipoti ya Ubelgiji anayekwenda kufanya kazi nje ya Ulaya anaweza kujiunga kwa hiari na bima ya Wabelgiji wa ng'ambo. Pasipoti yangu ni ya Kongo, na Katiba yetu haitaki uraia wa pili. Basi nikatafuta hapa nyumbani.

Walioondoka zamani wajue kwamba SONAS, kampuni ya bima ya serikali ya Kongo, haiko peke yake tena. Sheria ya Machi 2015 ilivunja ukiritimba wake, na tangu 2019 kampuni binafsi zimepewa kibali. Nikaingia kwenye moja, ofisi nzuri yenye ubaridi. Kijana akajaza fomu huku anacheka nami, mpaka tukafika kwenye magonjwa. Nina kisukari. Akaweka kalamu chini. "Mama, huo umekuja nao toka Bulaya, sisi hatuulipii." Kana kwamba niliununua dukani! Ada yangu yote alikuwa tayari kuipokea: malaria sawa, ajali sawa, kisukari hapana. Hata leo nikiandika, roho inaniuma. Na nyumbani nikaambiwa nisilie, si nina pesa za Bulaya.

Nilikuwa na kazi mbili mkononi. Nikachagua ile ya mshahara mdogo, kwa sababu bosi alikubali kuandika kwenye mkataba: matibabu ya mfanyakazi, mume na watoto, na kisukari kimetajwa kwa jina. Hakunifanyia hisani. Sheria ya kazi ya Kongo inamtaka mwajiri amtibishe mfanyakazi na familia yake. Waliokulia kambi za Gécamines, kampuni ya madini ya serikali, wanaijua dispanseri ya kampuni. Siku hizi mabosi wanakujibu, "Tunakulipia CNSS." CNSS ni mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii: ni ya pensheni, posho za familia na ajali za kazini. Tifoidi yako haiwahusu.

Watu husema nilibahatika. Sikubahatika, niliuliza. Ulizeni, jamani! Ulizeni kama kampuni inailipa hospitali moja kwa moja, au wewe unatoa kwanza halafu unangoja kurudishiwa. Huku wanadai kosio, pesa za dhamana, kabla ya kukulaza, na asiyemaliza bili haruhusiwi kutoka. Kadi ya kurudishiwa pesa mwezi ujao itakusaidia nini saa nane za usiku? Ombeni orodha ya hospitali, kisha pigieni hospitali yenyewe simu, maana orodha inaweza kuwa ya zamani. Ulizeni uzazi unaanza kulipiwa baada ya miezi mingapi. Mkishauliza, ulizeni tena, na majibu yawe kwenye karatasi.

Na wewe, dada wa Montréal, saini mkataba kabla hujapanda ndege. Watoto waandikwe kama pasipoti zao zinavyosema, herufi kwa herufi. Jina likitofautiana na kadi, dirishani watakuambia ulipe mwenyewe.