Kabla ya wafuasi 1,000, chaneli ni ya nani?

Juzi chaneli yangu ya vichekesho ya YouTube ilivuka wafuasi 1,000, na tangu hapo ujumbe unamiminika: "Kaka, umefanyaje?" Najua unataka njia ya mkato. Mimi nakuuliza kwanza: chaneli yako imefunguliwa kwa barua pepe ya nani?

Hii ni chaneli yangu ya pili. Ile ya kwanza tulikuwa wawili. Mimi nilitunga na kuigiza, mwenzangu alirekodi na kuhariri, na kwa kuwa kompyuta ilikuwa yake, akaifungua kwa barua pepe yake. Sikuona neno, tulikuwa tukila sahani moja. Mwaka 2018 YouTube ilipobadili masharti ya kulipwa kwa matangazo, kutoka kutazamwa mara 10,000 hadi wafuasi 1,000 na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya miezi 12, tukajikuta nje. Tukakesha. Kichekesho kimoja tulikirudia mara kumi na nne kwa sababu nilikuwa nacheka mwenyewe.

Tulipofuzu, fedha zikaanza kujikusanya AdSense, akaunti ya Google ya malipo ya matangazo, ambako hulipwi mpaka salio lifike dola 100. Zilipofika, zikaingia benki kwa jina moja. Si langu. Nilipouliza mgawo, nikaambiwa nisubiri. Nilipouliza tena, nenosiri likabadilishwa. Sura yangu, sauti yangu, utani wangu, halafu mimi nikawa mtazamaji kama wewe. Mpaka leo video zile zikinitokea kwenye simu nazipitisha upesi.

Basi nisikilizeni. Barua pepe iwe yako. YouTube inakuruhusu kumfanya mtu meneja au mhariri wa chaneli bila kumpa nenosiri. Fanya hivyo hata kwa ndugu yako. Andikianeni mgawo kabla ya senti ya kwanza. Video ghafi zikae kwako. Na barua pepe, narudia, iwe yako! Zamani msanii alimbembeleza mwenye studio na mtangazaji wa redio. Simu imetuondolea mabwana hao, nasi tunawakabidhi marafiki funguo kwa hiari yetu, kisha tunalia.

Ama hao 1,000, nilipandisha video mbili kila wiki, hakuna uchawi. Saa 4,000 bado sijazifikisha. Mhariri wangu wa sasa alinuna nilipomwambia tuandikiane. Alisaini siku ya tatu.