Maji yamebaki chini, pampu inaunguruma tu

SWALI: Habari za kazi, wataalamu. Mashine yetu ya kuoshea vyombo inaosha hadi mwisho, lakini maji machafu yanabaki chini, kama lita tatu. Pampu naisikia ikiunguruma. Fundi anasema imekufa, niagize nyingine Dar es Salaam. Niagize?
*Mama mwenye nyumba ya wageni, Shangani, Mtwara*

JIBU: Usiagize kwanza, mama. Pampu inayounguruma inapata umeme. Ama feni yake imekwama, ama inasukuma maji yasiyo na pa kupita. Iliyokufa kabisa mara nyingi huwa kimya.

Chomoa mashine kwenye soketi, chota maji kwa kikombe, malizia na sponji. Toa kapu la chini, zungusha chujio kinyume cha mwendo wa saa, kisha ulinyanyue. Kwa jiko la Mtwara sisi tunayashuku machicha ya nazi kabla ya kitu kingine chochote. Punje za wali hulainika zikaondoka, lakini machicha hushikamana kama kitambaa juu ya vitundu, na maji hayafiki kwenye pampu. Sugua kwa mswaki mkuukuu na maji ya vuguvugu, halafu lishike chujio kwenye mwanga uone kama vitundu vyote vimefunguka.

Chini ya chujio kuna kishimo. Vaa glavu kabla ya kutia mkono, maana humo hukaa vipande vya glasi na miiba ya changu. Mashine nyingi zina kifuniko kidogo cha plastiki pembeni ya kishimo. Kibenue kwa mpini wa kijiko, utaiona feni. Izungushe kwa kijiti. Ikienda kwa kushtukashtuka, inashika na kuachia, usiogope: ni sumaku iliyo ndani, ndivyo inavyotakiwa. Isipozunguka kabisa, tafuta kilichoingia kati. Kijiti cha meno kimoja kinatosha kuisimamisha. Kifuniko ukirudishe mpaka kilie "ta", la sivyo maji yatazunguka humo humo. Mashine nyingi za Bosch huonyesha E25 kwa kasoro ya hapa, na E24 kwa mpira wa kutolea maji machafu uliopinda au kuziba.

Huko kote kukiwa safi, chomoa mpira wa maji machafu kwenye bomba la sinki na uuelekeze kwenye ndoo. Mimina lita mbili za maji ndani ya mashine, rudisha umeme, funga mlango, kisha shikilia kitufe cha kuanzia kwa sekunde 3. Mashine nyingi hapo hutoa maji. Yakitoka kwa nguvu, mashine haina kosa, kosa ni la sinki. Tazama trapu, lile bomba lililopinda chini ya sinki, kwenye tawi lililochomekwa mpira. Trapu nyingi mpya huja na kizibo cha plastiki ndani ya tawi hilo, nacho hukatwa kwa kisu wakati wa kufunga. Fundi akisahau, maji hayatoki tangu siku ya kwanza. Kwenye ndoo yakitoka kwa unyonge, mpira umebanwa ukutani mashine iliposukumwa nyuma, au umejaa mafuta. Pitisha maji ya moto. Ukiurudisha, uinue mpaka chini ya meza ya sinki ndipo uteremke kwenye trapu, maji ya sinki yasije yakarudi kwenye mashine. Dawa kali za kuzibulia mabomba usizitie humo kabisa.

Pampu nazo hufa, hatukatai. Fundi apime koili, yaani waya uliosokotwa ndani ya pampu, kwa mita ya umeme, mashine ikiwa imechomolewa: nyingi za volti 230 husoma kati ya omu 150 na 200. Mita isiposoma kitu, koili imekatika. Hapo agiza, na umpe muuzaji namba iliyo kwenye pampu yenyewe, si jina la mashine tu.

SWALI: Sabuni ya mashine iliisha, nikatia kijiko kimoja cha sabuni ya maji ya kuoshea kwa mkono. Povu limejaa hadi mlangoni na maji hayatoki. Nimeiua?
*Kijana wa Lindi mjini*

JIBU: Hujaiua. Povu karibu lote ni hewa, na pampu ya maji haiwezi kusukuma hewa. Zima, acha mlango wazi dakika 20, chota povu linalochoteka. Mimina siki nusu kikombe na lita moja ya maji baridi, kisha toa maji. Rudia mara tatu au nne. Siku sabuni ya mashine haipo, osha kwa mkono tu.

SWALI: Umeme ukikatika katikati ya kuosha, maji yanabaki humo. Ni ubovu?
*Msomaji, Mikindani*

JIBU: Hapana. Umeme ukirudi, mashine nyingi huendelea zilipoishia. Yako ikikaa kimya, shikilia kitufe cha kuanzia sekunde 3, usubiri kama dakika moja. Giza likiwa refu, acha mlango upenyo kidogo, la sivyo utafungulia harufu ya samaki wa jana. Na yale maji kidogo yanayobaki chini ya chujio kila siku, kama kikombe hivi, yaache: hayo hulowanisha mipira midogo ya kuzibia ya pampu isikauke.