Mume anataka nywila ya simu yako: sisi tulivyokubaliana Pune

Mdogo wangu, hongera ya ndoa. Umeandika kwamba ninyi ni wageni kwenye ndoa, wote mnafanya kazi za kompyuta huko Bengaluru, na mumeo anadai nywila ya simu yako kwa kuwa mke na mume hawafichani. Mimi ni Mhindi wa Dar, nimeolewa Pune, India, na mjadala huo tuliupitia.

Kukataa si dharau. Mwaka 2017 Mahakama ya Juu ya India ilitamka kuwa faragha ni haki ya msingi. Julai 2025 Mahakama Kuu ya jimbo la Chhattisgarh ikasema mume hawezi kumlazimisha mke atoe nywila za simu au benki. Ila mwezi huohuo Mahakama ya Juu iliruhusu simu zilizorekodiwa kwa siri na mwanandoa zitumike kama ushahidi kwenye talaka. Kwa hiyo msisubiri hakimu, kubalianeni wenyewe mapema.

Sisi tulianzia kazini. Simu yangu ina barua pepe za wateja, na mkataba unanikataza kumwonyesha mtu. Yake vilevile. Alipoliona hilo, ubishi ukapoa. Yeye huongea na Wamarekani hadi usiku wa manane, mimi naondoka alfajiri, hivyo chai ya asubuhi tunakunywa simu zikiwa chumbani. Hiyo imetujenga kuliko nywila yoyote.

Kitu ambacho maharusi wengi hawakiangalii ni laini ya simu. Aadhaar, kile kitambulisho cha tarakimu 12, na benki pia, hutuma OTP, yaani namba ya siri ya kutumika mara moja, kwenye laini iliyosajiliwa. Aadhaar yangu ilisajiliwa kwa laini ya mume wangu. Nilipotaka kuhakiki jambo lolote, nilimpigia akiwa kikaoni anisomee zile namba sita, na mara nyingi muda wake ulishapita. Nilikwenda kituo cha Aadhaar nikaweka laini yangu, kisha nikapita benki.

Pesa za kodi na umeme ziko akaunti ya pamoja. PIN ya UPI, ule mfumo wa India wa kulipa kwa simu, kila mtu na yake. Mahali nilipo namtumia nikichelewa kurudi usiku, basi. Picha zetu haziingii kundi la WhatsApp la ukoo mpaka wote turidhie, na mama mkwe aliambiwa na mwanawe mwenyewe, kwa heshima. Neno hilo lisitoke kwako.

Wewe anza na laini wiki hii, kabla ya mazungumzo ya nywila.