Kabla ya kuandika x, andika x ni nini

Mwalimu, shikamoo. Bandani kuna kuku na mbuzi: vichwa 35, miguu 94. Mwanangu yuko darasa la tano, kutumia herufi kama x kwenye hesabu hajafundishwa. Atapataje idadi ya kila aina?

Marahaba. Chukulia wote ni kuku: 35 × 2 = miguu 70. Kufikia 94 inapungua 24. Kila ukimtoa kuku mmoja ukamwingiza mbuzi, miguu inaongezeka 2. Kwa hiyo mbuzi ni 24 ÷ 2 = 12, na kuku 23. Hakiki: 46 + 48 = 94. Wachina walitegana fumbo hili kwa namba hizi hizi, ila kwa ndege na sungura, zaidi ya miaka 1,500 iliyopita. Msimkimbize mtoto kwenye herufi. Asipoelewa kwa nini tunagawanya kwa 2 na si kwa 4, herufi zitamficha tu.

"Kwa kila kuku mmoja kuna mbuzi watatu." Nimeandika k = 3m, nimekosa. Kwa nini?

Swali hili haliishi kuletwa, na kosa ni lile lile: umeifanya k kuwa kifupi cha neno "kuku". k si kuku, ni idadi ya kuku. Jaribu kwa namba: kuku wakiwa 2, mbuzi ni 6. Mlinganyo wako unadai 2 = 18. Sahihi ni m = 3k. Ndiyo maana sipendi herufi za mwanzo wa jina. Tumia x na y, na mstari wa kwanza uwe: "Idadi ya kuku iwe x." Wengi wanauruka mstari huo, kisha wanalaumu aljebra.

Madaftari 3 na kalamu 2 ni shilingi 4,100. Madaftari 2 na kalamu 5 ni shilingi 4,200. Nimepata kalamu moja ni shilingi 9 na senti.

Kalamu ya shilingi 9 unainunua wapi? Bei ya daftari moja iwe x, ya kalamu moja y:

3x + 2y = 4,100
2x + 5y = 4,200

Zidisha wa kwanza kwa 2 na wa pili kwa 3 ili x zilingane:

6x + 4y = 8,200
6x + 15y = 12,600

Toa wa juu kutoka wa chini: 11y = 4,400, y = 400, na x = 1,100. Wewe ulizidisha kushoto tu, ukaacha 4,100 na 4,200 zilivyo, ukabaki na 11y = 100. Ukizidisha, zidisha pande zote mbili.

Nimepata mbuzi 7½. Nikadirie wawe 8?

Usikadirie. Ama umekosea, ama swali limetungwa vibaya. Nusu mbuzi yuko buchani.

Baba ana umri mara tatu ya mwanawe. Miaka 6 iliyopita ulikuwa mara tano. Mimi napata mtoto ana miaka 0.

Mabano. Umri wa mtoto sasa uwe x, wa baba 3x. Miaka 6 iliyopita: 3x − 6 = 5(x − 6). Uliandika 5x − 6, ukamrudisha nyuma baada ya kuzidisha. Sahihi: 3x − 6 = 5x − 30, 2x = 24, x = 12, baba 36. Hakiki kwenye maneno ya swali, si kwenye mlinganyo wako, maana huo huenda ndio wenye kosa: 30 ni mara tano ya 6.

Naomba majibu ya zoezi la ukurasa wa 58.

Hapana.

Machungwa 2 na maembe 3 ni shilingi 1,900. Machungwa 4 na maembe 6 ni 3,800. Nikitoa napata 0 = 0.

Hujakosea. Sentensi ya pili ni ya kwanza mara mbili, kwa hiyo una taarifa moja tu: chungwa 200 na embe 500 inakubali, chungwa 500 na embe 300 pia. Jumla ya pili ingekuwa 4,000 badala ya 3,800, hakuna jibu kabisa. Walimu mnaotunga mitihani usiku: anzeni na bei mlizochagua, kisha mjenge swali, na mhakikishe mstari wa pili si wa kwanza uliozidishwa.