Toleo Jipya la Linux Usiliweke Kwenye Kompyuta ya Mama

Ijumaa iliyopita, baada ya Isha, niliandikiwa na kijana mmoja wa Likoni. "Assalaam alaykum kaka. Laptopu yangu ni ya Windows 10 na wameshaacha kuihudumia. Nimeshusha Ubuntu 25.10, nataka kufuta kila kitu usiku huu niiweke. Nianzie wapi?"

Nilimjibu neno moja: ngoja. Kisha nikampigia simu, nikamuuliza ndani ya hiyo laptopu mna nini. Mna kazi zake za chuo, akasema, na picha, na hesabu za duka la babake. Nikamuuliza nakala ameweka wapi. Akanyamaza. Nilikijua kile kimya, kwa sababu mwezi wa Agosti kilikuwa changu.

Nimechelewa kuyaandika haya, na nawaomba radhi. Wengi mnaonisoma mwanijua kama mtu wa Linux, ule mfumo wa bure wa kuendeshea kompyuta badala ya Windows. Mwaniuliza distro gani, yaani aina gani ya Linux kama hiyo Ubuntu, ni nzuri, nami nawajibu kwa kujiamini. Sikutaka mjue yaliyotokea nyumbani kwetu. Lakini yule kijana alikuwa amebakisha kubonyeza mara moja tu, na pengine wako wengine kama yeye usiku huu.

Nilianza na Ubuntu 8.04 mwaka 2008. Siku zile ulikuwa ukijaza jina lako na sanduku la posta kwenye tovuti ya Canonical, kampuni ya Mark Shuttleworth wa Afrika Kusini, nao wakikutumia CD bure. Mpango ule ulifungwa mwaka 2011. Nakumbuka nilivyoshuka ngazi za posta ya Barabara ya Digo na ile bahasha kifuani, kama mtu aliyepata pasipoti. Jina lenyewe halikuhitaji mfasiri kwetu: ubuntu ni utu. Nyaya za SEACOM na TEAMS hazikuwa zimefika pwani yetu, zilikuja mwaka 2009, na kushusha faili la MB 700 pale saiba kulikuwa kazi ya kutwa nzima na fedha nyingi. Leo nikiwa kitandani nashusha GB 5 kabla chai haijapoa.

Hapo ndipo ugonjwa ulipoanzia, naona. Urahisi. Tangu bando liwe la bei nafuu sikuwahi kuacha toleo linipite. Aprili na Oktoba za Ubuntu, Fedora kila miezi sita, Mint, openSUSE, kisha Debian ambayo nikaipenda kuliko zote. Mtaani kwetu Tudor, mtu akiharibikiwa na kompyuta huletwa kwangu kwanza kabla ya kupelekwa kwa fundi mjini. Najivunia hilo na sitajificha. Nimelifanyia kazi miaka mingi.

Debian 13, iliyopewa jina Trixie, ilitoka Jumamosi tarehe 9 Agosti 2025. Mimi nilikuwa nimeingoja miaka miwili, tangu ile ya 12. Usiku ule ule nikaishusha, na Jumapili baada ya Adhuhuri nikakaa mbele ya kompyuta ya nyumbani.

Sasa nielezeni nilikuwa nikifikiri nini, maana nina laptopu yangu mwenyewe. Kompyuta ile ya mezani ni ya nyumba nzima. Mamangu anapokea oda za mahamri na biriani za maharusi, na oda zote zimo mle. Harusi ya dadangu imo mle. Babangu, Mungu amrehemu, yumo mle: picha zake za Idi pale Makadara, na video moja ya Ramadhani yake ya mwisho akisoma Yasini barazani, paka amemlalia miguuni. Lakini ile ya mezani ndiyo yenye ramu kubwa na skrini pana, nami nilitaka Trixie niione inavyostahili kuonwa. Hiyo ndiyo sababu. Sina nyingine.

Ina diski mbili. SSD ndogo, ile isiyozunguka, ya GB 240 yenye mfumo, na diski ya kuzunguka ya TB 1 yenye vitu vya watu. Kwa miaka minne SSD ilikuwa ikiitwa sda, na ile kubwa sdb. Nilizizoea hizo herufi kama nilivyozoea milango ya nyumba. Nilichokuwa nakijua kwa kusoma, na siku ile nikakisahau, ni kwamba herufi hizo si jina la diski. Kerneli, kiini cha mfumo, huzigawa kwa kufuata diski iliyoonekana kwanza wakati wa kuwasha. Ukichomeka fleshi, au ukaja na kerneli mpya, foleni inaweza kupangika upya. Siku ile ilipangika upya, na sda ikawa diski ya mama.

Programu ya kuweka Debian ilinionyesha. Haikunificha. Iliandika sda, na kando yake ukubwa, TB 1. Nikachagua kutumia diski nzima, yaani ifutwe yote. Ikaniuliza tena kama nina hakika mabadiliko yaandikwe. Nikabonyeza ndiyo. Nilikuwa nikitazama herufi, sikutazama namba.

Mfumo uliwaka vizuri, tena haraka kuliko nilivyotarajia. Nikafurahi pengine dakika kumi. Kisha nikafungua ile diski nyingine kutafuta folda ya Harusi, nikakuta mfumo wangu wa zamani umekaa pale, mzima, haujaguswa.

Sikupiga kelele. Nilizima kompyuta kwa kuchomoa waya ukutani, na hilo peke yake ndilo nililolifanya sawa siku ile. Mama alikuwa jikoni. Nilikwenda nikamwambia, maana kumficha kungekuwa kosa la pili. Alifuta mikono yake taratibu kwa leso, akaniuliza: "Sasa babako umemtia wapi?"

Mpaka leo sina jibu la swali lile.

Siku tatu zilizofuata nilizitumia kwa PhotoRec. Ni programu ya bure iliyoandikwa na Christophe Grenier, na nawaomba muijue kabla hamjaihitaji. Yenyewe haitazami folda wala majina. Inapita diski nzima sehemu baada ya sehemu ikitafuta alama ambazo kila aina ya faili huanza nazo, ikikuta mwanzo wa picha inaikusanya. Niliwasha kompyuta kwa fleshi ili nisiandike chochote juu ya ile diski, nikaazima diski ya nje kwa shemeji yangu, nikaiacha ikafanya kazi usiku kucha feni ikipuliza juu ya meza. Bahati yetu ilikuwa diski ya kuzunguka. Ingekuwa SSD, kule kufomati kwenyewe huiambia diski kwamba nafasi yote ni tupu, na mara nyingi hapabaki cha kuokota.

Zilirudi picha maelfu. Zote hazina majina, ni herufi f na namba ndefu. Harusi imechanganyika na picha za risiti, na picha za mtandaoni, na vipande vya alama vilivyokuwa kwenye kurasa za intaneti. Daftari la oda lilirudi, alhamdulillahi. Ile video ya babangu ilirudi na inacheza sekunde chache, kisha inasimama. Anasikika akivuta pumzi. Haijafika kwenye kisomo.

Jamaa zangu waliposikia, mmoja alisema barazani, mbele ya watu, kwamba hiyo ndiyo faida ya vitu vya bure. Fundi mmoja wa mjini, ambaye nimempelekea wateja wengi, alicheka kwa sauti. Yaliniuma na bado yananiuma, na sitasema nimesamehe kwa sababu sijasamehe bado. Lakini walilaumu kisichokuwa na kosa. Linux ilifanya nililoiamuru, na kabla ya kufanya iliniuliza mara mbili.

Kwa hiyo nisikilizeni, ndugu zangu. Najua nyote mnaosoma hapa mna hamu ile ile niliyonayo. Mwataka kuwa wa kwanza kuona kilichobadilika, na hamu hiyo ni nzuri, imenifundisha kazi ninayoila. Ila itafutieni mashine yake. Nunua laptopu kuukuu kwa watu, hata iwe na betri iliyokufa, iwe ndiyo ya majaribio, na isikae ndani yake kitu cha mtu. Hasa cha mtu asiyejua kwamba unajaribu.

Na nakala. Nakala iwe kwenye diski nyingine, na diski hiyo iwe imechomolewa wakati unapoweka mfumo. Imechomolewa, imo kabatini. Kama kompyuta ina diski mbili kama yetu, fungua kifuniko uchomoe waya wa ile usiyotaka kuigusa, kazi ya dakika mbili kwa bisibisi. Ukishindwa kabisa, andika lsblk -o NAME,SIZE,MODEL kwenye terminali, lile dirisha la kuandikia amri, usome ukubwa na modeli, uvisome kwa sauti. Lakini nakala kwanza.

Tena usikimbilie kuweka. Karibu distro zote kubwa hukuwezesha kuwasha kutoka kwenye fleshi bila kugusa diski. Ishi humo jioni nzima. Jaribu sauti, kamera, printa, ifunge laptopu uone kama inaamka. Jaribu waifai zaidi ya vyote, maana kadi nyingi za Broadcom zilizomo kwenye laptopu za zamani hazifanyi kazi mpaka uweke draiva, programu ya kuiendesha kadi, na draiva iko kwenye intaneti ambayo huna. Dawa yake ni simu: ichomeke kwa waya wa USB, washa kushiriki intaneti, utashusha unachotaka.

Stima nayo. Hapa kwetu huweza kukatika wakati wowote, na mfumo unaosasishwa ukikatikiwa katikati hubaki nusu. Fanyia kwenye laptopu yenye betri iliyojaa. Ikikukuta kwenye Debian au Ubuntu, mara nyingi sudo dpkg --configure -a huendelea pale ilipoachia. Nimeokoa mashine mbili kwa amri hiyo, moja ikiwa ya msikiti.

Halafu someni maelezo ya toleo. Hakuna anayeyasoma. Trixie haina tena programu ya kuwekea wala kerneli ya kompyuta za biti 32, jambo lililoandikwa wazi, na bado nimeletewa vilaptopu vidogo vya zamani watu wakisema fleshi imeharibika. Na hiyo Ubuntu 25.10 anayoitaka kijana wetu ilitoka tarehe 9 Oktoba 2025, ikiwa imebadilisha amri nyingi za msingi na kuweka zilizoandikwa upya kwa lugha ya programu iitwayo Rust. Kazi kubwa na ya kupongezwa. Lakini katika zile amri mpya, ile ya date, inayotaja tarehe na saa, ilikuwa na kasoro, na kwa sababu yake baadhi ya kompyuta zikaacha kujitafutia masasisho zenyewe mpaka iliporekebishwa. Mtu aliyejaribu kwenye mashine ya majaribio alijifunza kitu. Mwenye duka aliyeiweka kwenye kompyuta ya hesabu alikaa bila masasisho ya usalama na hakuambiwa. Isitoshe 25.10 ilipangiwa kuhudumiwa miezi 9 tu. Wenyewe Ubuntu, kwa aliye kwenye toleo la miaka mingi, hawamwiti ahamie jipya mpaka litoke rekebisho la kwanza: 24.04 ilitoka Aprili 2024, na waliokuwa kwenye 22.04 wakaanza kuitwa baada ya 24.04.1 ya mwisho wa Agosti. Ikiwa walioitengeneza wanangoja, wewe una haraka ya nini? Mwenye pupa hadiriki kula tamu, na mimi nimeila chungu yake.

Tangu Windows 10 ilipoachwa tarehe 14 Oktoba 2025, nimeamsha laptopu sita za mtaani ambazo Windows 11 inazikataa kwa kuwa hazina chipu ya usalama ya TPM 2.0 au prosesa zake ni za kizazi cha zamani. Zote sita nimeziwekea Linux Mint 22.2 ya Xfce, ile yenye sura nyepesi, itakayohudumiwa mpaka 2029, na moja ina RAM ya GB 4 tu na inakwenda vizuri. Mtoto wa dadangu anafanyia kazi za shule kwenye mojawapo. Kila mwenye laptopu nilimwambia sharti langu mlangoni: bila diski ya nakala, sifungui. Mmoja alikasirika akaondoka nayo, akarudi siku ya pili na diski.

Yule kijana wa Likoni atavuka feri Jumamosi, inshallah. Nimemwambia aje na laptopu na diski tupu, na kwamba saa za mwanzo tutanakili tu, hesabu za babake zikitangulia.

Mama bado anazipanga zile picha. Kila jioni akimaliza kuukanda unga wa kesho huvaa miwani, hufungua ishirini au thelathini, na kila anayoitambua huniita niiandike jina. Jana aliniita akiwa amesimama kabisa. Ni babangu, kijana, pale Mama Ngina ufuoni, picha ya karatasi iliyopigwa tena kwa simu. Tumeiandika pamoja, jina na mahali. Mwaka hakuukumbuka, nikauacha wazi.