Toeni huzuni usoni: kwa wadogo zetu mnaoshuti Athens

Kila msimu ni yale yale. Filamu fupi ya majaribio kuhusu mtu aliyetengana na wenzake mjini, na shoti ya kwanza ni kijana dirishani, macho kwenye simu, piano inalia. Jamani!

1. Filamu ya Kynodontas (2009) ya mwongozaji Mgiriki Lanthimos mnaiga vichwa vilivyokatwa na fremu, mnasahau kinachotisha: watoto watu wazima wanatii sheria za nyumbani bila kushangaa, mezani wakitaka chumvi wanaomba "simu", ndilo jina walilofundishwa na wazazi. Kwa hiyo andika kwanza sheria moja ya kipuuzi, mathalani jengo ambalo hakuna anayepanda lifti na mwenzake. Mwigizaji aitekeleze kama anayelipa bili ya umeme.

2. Ngazi za polykatoikia, yale maghorofa ya Athens. Hapa ndipo mnapolia. Umeme wa Ugiriki ni hezi 50 (mizunguko 50 kwa sekunde), taa za tyubu za zamani zinapepesa mara 100 kwa sekunde. Kamera ikibaki kwenye shata (muda wa kupokea mwanga kwa kila fremu) ya 1/60 ya sekunde, mistari ya kivuli inatembea ukutani. Skrini ya kamera inaificha. Mnaigundua kwenye uhariri, funguo za jengo zimesharudishwa. Weka fremu 25 kwa sekunde, shata 1/50. Ukishupalia 24, pembe ya shata (muda ule ule ukihesabiwa kwa digrii) ni digrii 172.8, si 180.

Halafu taa yenyewe ina taima, inajizima baada ya muda. Teki ndefu iko katikati, mwigizaji ameshaiva, giza! Mnamtuma msaidizi abonyeze swichi ghorofa ya juu, na mlio wa swichi unashuka ngazi zote hadi kwenye maiki. Pimeni taima siku ya kukagua lokesheni. Msimamizi wa jengo akikubali, fundi umeme aiondoe kwa muda. Akikataa, iingizeni kwenye skripti: taa inazima, mhusika anaganda hapo hapo mpaka jirani abonyeze, kisha anaendelea kupanda bila kumsalimu. Mtakuwa mmepata filamu.

3. Sauti ya chumba kitupu, ya kuzibia mapengo kwenye uhariri: sekunde 60, kila lokesheni. Kiangazi rekodini kati ya saa 9 alasiri na saa 11:30 jioni, muda wa utulivu kisheria. Nyenje hawaijui sheria hiyo: joto likipanda wanazidi, na ukiunga shoti ya alfajiri na ya mchana, kiungo kinasikika.

4. Tamasha la Cannes, kwa filamu fupi, wanataka dakika 15 mwisho, orodha ya majina ya waliotengeneza ikiwemo. Tamasha la filamu fupi la mji wa Drama, Ugiriki, lililopo tangu 1978, someni fomu yao yote. Manukuu (maandishi ya tafsiri chini ya picha) yawe faili la pembeni, msiyachome juu ya picha.